Tope la Mkandaani

Tulizaliwa wanne katika boma la baba karibu na Sigalagala, na kati ya wanne hao Phineas Mukhwana ndiye aliyekuwa mzito wa maneno. Chrispinus, kifungua mimba, alisema kwa niaba ya wote. Mimi, Khalayi, nilimfuata Phineas, na sikunyamaza ila nilipolala. Barnaba, kitinda mimba, alikuwa mtu wa kucheka tu. Mgeni akiingia uani kwetu alipata salamu za watu watatu, na baadaye sana ndipo alipogundua kwamba kuna wa nne amekaa pembeni anachora.

Alichora chochote. Alichora jembe, kuku, mguu wa baba. Lakini alichokipenda zaidi ni mashimo. Baba alipochimba choo kipya, Phineas alishinda ukingoni akitazama udongo mweusi unavyokwisha na mwekundu unavyoanza, na chini ya mwekundu changarawe, akauchora ukuta wote wa shimo kwa makaa juu ya ubao. Baba alidhani mtoto amerogwa. Mama alisema heri achore shimo kuliko atumbukie. Alipomaliza shule ya misheni, walikomfundisha useremala na kuchora ramani za nyumba, hatukushangaa kwamba hakutaka kujenga nyumba yoyote. Alitaka kujua chini yake kuna nini.

Mwaka wa 1955 Barnaba alikwenda Mombasa kupakua mizigo bandarini. Hakumaliza mwaka. Mvua ilikuwa ikinyesha, akateleza na kuanguka kati ya meli na ukuta wa gati, na mwili haukuonekana tena. Habari tuliletewa na kijana wa kwetu aliyekuwa akifanya naye kazi. Kwa desturi zetu mtu asipopatikana mwili haachwi hivihivi, maana asiyezikwa hana pa kukaa na huwarudia wenyewe. Wazee wakakata shina la mgomba lenye urefu wa mtu, wakalivika shati la Barnaba, wakalilaza kaburini na kulifukia, na mhubiri akaliombea bila kuuliza mengi. Watu walilia. Mama hakulia. Alikaa kwenye kigoda cha jikoni, mikono mapajani, na wageni walipokwisha kuondoka akasema, "Huyo ni mgomba. Barnaba iko kwa maji."

Mwaka uliofuata Phineas alipata kazi pwani. Mzungu mmoja aliyekuwa akichimbua magofu ya mji wa kale alitaka mtu anayejua kuchora mstari ulionyooka, na mwalimu wa useremala akamtaja kaka yangu. Ni hivyo tu. Angehitajiwa Turkana angekwenda Turkana. Lakini mama aliposikia pwani, na kwamba kazi yenyewe ni kuchimba na kuwatoa watu wa zamani ardhini, alimchinjia jogoo. Alimwekea obusuma na ingokho, ugali na kuku wa kwetu, akakaa kumtazama anavyokula, kisha akamwambia, "Umtafute mwenzako." Phineas akajibu, "Sawa, mama." Mtu anayesafiri huitikia yote anayoambiwa na mama yake. Nilimsindikiza mpaka stendi ya Kakamega na hakumtaja Barnaba hata mara moja. Aliniuliza kama nadhani penseli nzuri zinapatikana kule.

Miaka ya kwanza alichora kuta za mawe, na barua zake zilikuwa fupi. Kisha wakampeleka Mkandaani, mahali penye mikoko kusini ya Mombasa, ambapo maji hujaa na kutoka na kuacha tope la kijivu linalofika kiunoni. Wenzake walilichukia kwa sababu linanuka na lina kaa wanaouma. Yeye alilipenda. Akija likizo alikuwa akinieleza, na hapo ndipo nilipojua kwamba hata mtu mzito wa maneno ana maneno yake. Nchi kavu, alisema, inakula kila kitu isipokuwa jiwe na kigae. Tope linaweka. Linaweka kamba, mkeka, mpini wa shoka, kokwa ya tende iliyotemwa na mtu kabla babu wa babu yetu hajazaliwa. Ila ukikitoa kitu hicho juani kinakufa mara ya pili. Mti hupasuka na kujikunja, na baada ya siku chache unabaki na vumbi. Kwa hiyo kila kipande kinachotoka topeni hutiwa kwenye pipa la maji, au hufunikwa kwa magunia, na lazima awepo mtu wa kuyalowesha magunia hayo bila kuchoka. Alisema "awepo mtu", lakini mtu mwenyewe alikuwa yeye.

Kuelekea uhuru walimpeleka Ulaya karibu mwaka mzima, akasome kwa watu waliokuwa wakitoa mitumbwi ya kale katika mabwawa ya nchi yao. Alirudi na cheti na koti zito, koti akampa Chrispinus. Bendera ilipopandishwa, bwana wake Mzungu alifunga mizigo, na Mkandaani pote pakawa mikononi mwa Phineas. Mwaka uliofuata akakuta nguzo. Zilikuwa boriti za mikoko, zimesimama safu mbili chini ya tope, mbali na maji ya leo, naye akajua mara moja kwamba hapo palikuwa gati la zamani, kabla pwani haijasogea. Hakuna aliyekuwa amewahi kuona gati la miti la umri ule upande wetu wa dunia. Kuzitoa nguzo zote bila kuziua kungechukua misimu mitatu, na misimu hiyo alikuwa ameshaahidiwa. Krismasi ya 1964 alinieleza hayo jikoni kwangu mjini Kakamega, nilikokuwa nikifundisha shule ya msingi, akawa anasimama na kukaa na kusimama tena mpaka nikamwambia atulie asinimwagie maziwa. Alikuwa na furaha. Nalisema wazi kwa sababu furaha haikuwa kitu cha kawaida usoni mwake.

Ila kwa mama lilikuwako swali lililokuwa likimngoja. Kila likizo, kabla hajateremsha sanduku begani, mama alimwuliza, "Umemuona?" Naye akajibu, "Bado, mama." Basi, wakaingia kunywa chai. Mama aliamini kwamba serikali, ile ya Mzungu na baadaye ya kwetu, inamlipa mwanawe mshahara amtafute Barnaba topeni, na kwamba vigae na shanga ni vitu anavyokutana navyo njiani. Majirani waliamini vivyo hivyo, na wengine walimsifu mama kwa kupata mtoto wa namna hiyo. Nilimwambia Phineas amweleze ukweli.

"Nimweleze nini?" akaniuliza. "Kwamba sijamtafuta hata siku moja?"

Nikamwambia ndiyo, hivyo hivyo. Akasema neno lile moja, bado, linamtosha mama kwa mwaka mzima, halafu akaanza kuniuliza habari za shule. Hilo lilinikera, lakini mtu huwezi kugombana na mtu anayekuuliza habari za shule.

Mambo yakabana mwaka wa 1965. Chrispinus alikuwa amepata shamba katika mpango wa makazi karibu na Mautuma, kwenye ardhi ya Mzungu aliyekuwa akilima mahindi na kufuga ng'ombe wa maziwa. Ili atoe malipo ya kwanza alikiuza kishamba chetu cha Sigalagala kwa jirani yetu, Cleophas. Baba alikuwa ameshafariki na kuzikwa kwa babu, kwenye ardhi ya ukoo, kwa hiyo kaburi pekee lililokuwa pale ni lile la mgomba, na Cleophas alisema mgomba haumsumbui. Sharti la serikali lilikuwa moja: mwenye shamba awe amehamia na kuanza kulima mvua ya masika inapoanza, la sivyo anapewa mwingine, na wengine walikuwa wengi. Mama akakataa kuhama.

"Barnaba akiletwa hapa," alisema, "atamkuta nani? Cleophas?"

Chrispinus alimbembeleza, akamletea mhubiri, akamletea hata Cleophas mwenyewe aahidi kwamba Barnaba akija ataelekezwa njia. Mama aliendelea kupika. Kumbeba kwa nguvu hakukuwezekana, na kumwacha peke yake katika nyumba iliyokwisha kuwa ya mtu mwingine hakukuwezekana pia. Mtoto wa kwanza akifanya hivyo hana uso wa kukaa na watu, Mautuma wala kwingine kokote. Mawingu yalikuwa yameanza kukusanyika. Chrispinus akampelekea Phineas simu ya maandishi kupitia posta, naye akafika mwezi wa Machi.

Tulimpokea barabarani sisi wawili, tukatembea naye kwenda nyumbani. Chrispinus hakungoja hata kumwuliza habari za safari.

"Wewe uko na mifupa mingi huko kwa stoo," akamwambia. "Leta mtu mmoja tuzike. Mama ataona, atahama, tutalima."

"Ile mifupa iko na wenyewe," Phineas akasema.

"Wako wapi?"

"Sijui. Ndiyo kazi yenyewe."

"Sasa utamwambia nini mama?"

"Ukweli. Kwamba sikumtafuta, na kwamba hawezi kupatikana. Atalia, halafu atahama."

Mimi nikaunga mkono. Chrispinus alitema mate kando ya njia, akasema shule imetuharibu sote wawili, na tukaendelea kutembea kila mtu na lake.

Mama alikuwa amekaa mlangoni akichambua maharagwe kwenye ungo. Hakunyanyuka. "Umemuona?" akauliza.

Phineas alisimama na sanduku begani. Nilingoja ule ukweli tuliokubaliana dakika chache nyuma, nikawa nimejiandaa kumshika mama.

"Nimemwona," akasema.

Chrispinus akavua kofia. Mama aliuweka ungo chini taratibu, asimwage hata punje.

"Iko mzima?"

"Amekuwa tope, mama. Maji ya chumvi hayaachi mtu."

"Umejuaje ni yeye?"

"Ndiyo kazi niliyosomea."

Mama alimwuliza mahali pakoje. Phineas akamweleza mikoko, na maji yanavyoingia na kutoka, na tope linavyokuwa laini juu na gumu chini. Kila alichosema kilikuwa kweli kabisa kuhusu Mkandaani, isipokuwa Barnaba hakuwamo. Mama akauliza kama kuna kivuli. Phineas akasema kipo. Mama akafikiri kidogo, akakata shauri.

"Basi uniletee hiyo tope yake," akasema. "Nitahama na yeye."

Jioni ile nilimfuata Phineas kisimani nikamwuliza ni nini kile alichofanya. Alikuwa akinawa miguu. Alisema hajui, kwamba alifungua mdomo kusema lile jingine na likatoka hili. Nilimwuliza anajisikiaje sasa. "Nasikia usingizi," akasema, na nilipomtazama niliona ni kweli, hakuwa na jingine zaidi ya hilo.

Akarudi pwani. Mwanzoni mwa Aprili aliingia Kakamega na debe la tope lililofunikwa gunia, ambalo alikuwa amelibeba ndani ya treni mpaka Kisumu na ndani ya basi mpaka kwetu, abiria wakisogea mbali naye. Niliisikia harufu yake kabla sijaliona. Aliniambia amelichota mbali na zile nguzo, mahali alipokwisha kupima na kujua hapana kitu, ili asiharibu kazi. Na njia nzima, kila treni iliposimama, alikuwa akishuka kutafuta maji ya kulowesha gunia. Nilimwuliza kwa nini, maana halikuwa na mti wala kamba ndani yake, lilikuwa tope tu. Alisema mikono imezoea.

Mama alipanda lori la kwenda Mautuma debe likiwa mapajani. Hakutaka kusaidiwa. Chrispinus alikuwa ameshajenga nyumba ya udongo juu ya mteremko, na chini yake kulikuwa na kinamasi chenye matete kilichotutenganisha na shamba la Kipsang, jirani mpya. Kipsang na vijana wake walikuja kusaidia kuchimba kaburi, wakatuhurumia. Wageni wa ardhi ile tulikuwa wote, na mtu anayefika na maiti yake hueleweka upesi. Baada ya sala mama alifunua gunia, akaingiza mkono ndani ya debe mpaka kwenye kiwiko, akaunusa mkono, akalia. Ilikuwa mara ya kwanza kumlilia Barnaba, tangu 1955. Alilia kwa sauti kubwa mpaka wanawake waliokuwa wakienda soko la Mautuma wakageuka na kuingia shambani kumsaidia kulia. Mimi nilitafuta machozi nikayakosa. Phineas alikuwa amesimama ukingoni, kichwa ameinamisha kwa heshima, na ni mimi peke yangu niliyejua kwamba anatazama udongo unavyobadilika rangi kwenye ukuta wa kaburi.

Kisha akaja senje Mideva. Huyu alikuwa dada yake baba, mkubwa wa wote waliobaki, mwenye sauti ya kuita ng'ombe ng'ambo ya mto. Alileta maji ya majani katika beseni, akamwosha Phineas mikono na miguu mbele ya watu wote. Phineas alisimama akaoshwa, akidhani ni kutakaswa kwa kawaida kwa sababu ya kushika maiti. Senje alipomaliza aliyamwaga yale maji akasema:

"Mtu akishatoa ndugu yake kwa maji, hiyo maji inamjua. Harudingi huko tena. Akirudi, maji inachukua yeye mahali pa ule ametoa. Tangu zamani kwetu ni hivyo."

Wazee wakaitikia kwamba ni hivyo. Mimi mwenyewe nilikuwa nimelisikia jambo hilo utotoni, wakati mtu wa ukoo wetu alipomtoa kaka yake katika mto Yala, akahamishiwa mbali asiuvuke mto ule tena maisha yake yote. Phineas pia alilisikia. Tulikuwa tumekaa mkeka mmoja. Mtu aliyeweza kukuambia watu wa Mkandaani walikula samaki gani, na kichwa cha maiti walikielekeza wapi, alikuwa amesahau kilicho kwao. Niliona linamrudia akilini pale pale, mikono yake ikichuruzika maji.

"Senje, niko na kazi kule," akasema. "Nimeacha nguzo ndani ya mapipa."

"Kazi gani tena?" senje akashangaa. "Si umemaliza?"

Mama alikuwa ameacha kulia. Uso wake ulikuwa umetulia namna ambayo sikuwa nimeuona kwa muda mrefu. "Kazi imeisha, mwanangu," akamwambia. "Serikali imekusaidia, Mungu aibariki. Sasa kaa nyumbani."

Sentensi moja ingetosha kumfungua. Angesema lile ni tope tu, angekuwa huru, na Barnaba angerudi majini mbele ya macho ya mama, kaburi likiwa bado wazi. Chrispinus alitazama viatu vyake. Mama aliona Phineas anasita, akasogea karibu naye.

"Ukitaka kwenda, mimi sitakushika," akasema. "Lakini kata mgomba kwanza. Uniachie hapa kwa mlango, nikae nayo tayari."

Phineas akasema, "Sawa, mama."

Likizo yake ilikuwa na siku chache bado. Nilikuwa na hakika kwamba atakwenda. Nilimwambia aende, kwamba mimi nitahamia kwa mama mpaka atulie, kwamba maji hayamjui mtu, na kwamba hata kama yanamjua, yanajua pia kwamba hakumtoa yeyote. Tulikuwa tumesimama kwenye shamba la Chrispinus lililopandwa juzi. Alinisikiliza mpaka mwisho.

"Atakaa mlangoni kila siku kungoja habari," akasema. "Nimemtua mzigo wa Barnaba. Nimtwike mimi?"

Akaandika barua ya kuacha kazi, akaituma kwa posta ya Kakamega, akaomba nafasi katika ofisi ya ardhi pale mjini. Walimchukua haraka, mtu anayechora mstari ulionyooka alikuwa dhahabu wakati ule, mashamba yote makubwa yakigawanywa. Kwa hiyo kazi yake ikawa kuchora mipaka ya watu: huyu anaishia hapa, yule anaanzia hapa. Mama akamtafutia mke, Risper, binti wa watu wa Likuyani, na akamwoa. Alijenga Mautuma, juu kidogo ya kinamasi, akawa anashinda mjini wiki nzima na kurudi Jumamosi. Alikula alichopewa. Alikwenda kanisani. Hakunywa pombe, hakugombana na mtu, hakununa. Nilikuwa nikitamani anune. Ningejua la kumwambia mtu aliyenuna.

Vijana wa Chrispinus walipochimba mfereji wa kukausha kinamasi, walitoa vipande vya vyungu vyenye michoro wasiyoijua, wakamwita baba yao mdogo. Alikichukua kipande kimoja, akakigeuza, akakirudisha. Aliwaambia wafukie upande ule wachimbe kwingine. Nilitegemea atakwenda kutazama walipoondoka, nikakaa makusudi mahali ninapoweza kumwona. Hakwenda.

Mwaka wa 1968 alifika mgeni kwangu, mtu wa pwani aliyekuwa msaidizi wake Mkandaani, akiwa safarini kwenda Mumias kwenye arusi ya jamaa yake. Nilimwita Phineas kutoka ofisini. Wakasalimiana kirefu, asalamu aleikum na mengine yote, na yule mtu akaonekana kweli amefurahi. Kisha akatoa habari. Bwana mpya aliyepewa Mkandaani alikuwa na haraka. Alizing'oa nguzo zote kwa msimu mmoja, akazilaza kwenye nyasi apate kuzipiga picha.

"Zimekwisha," akasema yule mtu. "Nilikwenda mwezi uliopita, zimekuwa kuni. Hata kuni hazifai."

"Magunia hayakuwako?" Phineas akauliza.

"Yalikuwako, bwana mkubwa. Hakuna aliyeyalowesha."

Phineas akatikisa kichwa, akamwongezea mgeni chai, akamwuliza watoto wake wangapi sasa. Nilitoka nje. Nilikuwa na hasira, nikaanza kufua nguo zilizokwisha kufuliwa. Niliporudi ndani walikuwa wakizungumza habari za bei ya nazi.

Mama aliishi vizuri. Hili lazima lisemwe, maana ndilo lililonunuliwa. Alilima, alifuga kuku, alisimamia ubatizo wa wajukuu, na kila Pasaka alipalilia kaburi la Barnaba kwa mikono yake. Hakumwuliza Phineas swali lolote tena. Alifariki mwaka wa 1972, baada ya kuugua siku chache tu. Nilipopata habari niliandika ubaoni kazi ya darasa, nikawaachia watoto, nikapanda gari la Mautuma. Njiani nilijipapasa moyoni nitafute uchungu, sikuukuta, nikajilaumu kidogo, kisha nikaacha kujilaumu kwa sababu hata hilo halikuwa na nguvu.

Watu walijaa mpaka kwenye kinamasi. Chrispinus alisema kwanza, kama kawaida. Alieleza jinsi familia ilivyofika Mautuma, akafika kwa mdogo wake aliyekwenda kumtafuta ndugu yao baharini, akasimulia kwa mikono na kwa machozi. Nilimtazama vizuri. Mtu huyu aliyesema leta mtu mmoja tuzike hakuwa akidanganya hata kidogo. Yale mazungumzo ya barabarani yalikuwa yamemtoka kabisa, yamekwenda zake, na Barnaba alikuwa kweli kaburini pale. Nikasema basi, tumebaki wawili tunaojua.

Kisha Phineas akasimama. Alivua kofia, akaongea kwa sauti yake ile ndogo mpaka watu wa nyuma wakanyamazishana.

"Mimi nilikwenda pwani kumtafuta Barnaba," akasema. "Nilimtafuta kwa tope miaka mingi. Kila nikija nyumbani mama alikuwa akiniuliza, na mimi nasema bado. Halafu nikampata, nikamleta. Sasa mama amemfuata. Asanteni kwa kuja."

Akakaa. Nilingoja anitupie jicho, maana ndugu wawili wanaojua jambo hutupiana jicho hata kwenye mazishi. Alikuwa akimfuta mtoto wake pua.

Watu walipokuwa wakila nilimkuta nyuma ya nyumba ya Risper, peke yake, akipanga viti vya kanisa vya kurudishwa. Nilimwambia kwamba mama amekwenda, hakuna tena mtu wa kukaa mlangoni, na senje Mideva amezeeka hawezi kumfuata mtu kwa beseni. Nikamwambia yeye bado ana nguvu, na kwamba anaweza kurudi.

"Kurudi wapi?"

"Mkandaani."

"Kufanya nini kule?" akauliza. "Barnaba si yuko hapa?"

Nilidhani ananitania. Kwa mara ya kwanza katika maisha yetu, nikadhani. Nikamshika mkono wa shati. "Phineas, hukumtafuta Barnaba. Ulikuwa na kazi yako kule. Uliipenda."

Alinitazama kwa upole, vile mtu mwenye adabu anavyomtazama mgeni aliyemfananisha na mtu mwingine. Sikujua kama anajificha au amesahau, na sidhani yeye mwenyewe alikuwa na uwezo wa kunijibu. "Ndiyo, kazi nilikuwa nayo," akasema. "Ile ya kumtafuta."

Hapo uchungu ukanipata, wote kwa pamoja, nikalia kwa sauti mpaka wanawake wakatoka jikoni mbio. Walinishika mabega wakaniambia nyamaza Khalayi, mama amepumzika, mama aliishi vizuri. Sikuweza kuwaeleza. Niliyekuwa nikimlilia alikuwa amesimama mbele yangu, akiikunjua leso yake anipe.